WAYA UNA MWENYEWE



Katika masika yaliyopita, usiku mmoja wa mvua na upepo, mnazi ulianguka Gazi ukaulalia waya wa stima. Waya ulikatika, na ncha yake moja ikaanguka mchangani, kando ya njia ambayo watu huipita kwenda msikitini na kwenda pwani. Wanachama wetu wawili walikuwa wamevuka Likoni kwenda nyumbani kwa mapumziko yao. Walipouona waya ule walifanya kama tunavyofanya kazini. Mmoja alisimama upande huu, mwingine upande ule, tochi mkononi, wakaizuia njia mpaka kukapambazuka. Wavuvi waligeuzwa. Watoto waligeuzwa. Mzee mmoja aliyekuwa akienda kuswali alfajiri aliwaambia, "Wanangu, waya ukishakatika umekufa, niacheni nipite." Wakamjibu, "Shikamoo mzee wetu, lakini leo hapa hupiti." Akazunguka nyuma ya nyumba huku akinung'unika.

Asubuhi mafundi walikuja. Walizima stima, wakaukata mnazi vipande, wakauunga waya na kuupandisha. Kufika adhuhuri vipande vya mnazi vilikuwa vimekwisha chukuliwa, mchanga umekanyagwa, na mgeni asingejua kwamba pale palikuwa na jambo.

Hatumtaji mwenye waya ule. Hakuna aliyekufa, na hatuandiki ili kumshitaki mtu. Mafundi wale nao ni wafanyakazi kama sisi, na kazi yao waliifanya vizuri. Lakini twauliza swali moja, na ndilo lililotufanya tushike kalamu. Kama wale ndugu wawili wasingekuwako, na yule mzee angepita, ingekuwaje?

Jibu twalijua sote. Mzee angekutwa amelala njiani. Angeoshwa, angeswaliwa, na kufika alasiri angekuwa amezikwa. Watu wangesema ni kudura. Mnazi ungekatwa, waya ungepandishwa. Baada ya mwaka mmoja au miwili mjane angeambiwa na mtu fulani kwamba kuna haki yake kortini, naye angekwenda. Huko angeulizwa: Waya uko wapi? Nani aliuona? Daktari alisema nini? Polisi waliandika nini? Naye angekuwa hana la kujibu ila machozi, na machozi korti haiyaandiki.

Tunasema hivi: kifo cha waya ni deni, kwa sababu waya una mwenyewe. Lakini deni lisiloandikwa ni taabu kulidai.

TUNAVYOFANYA RELINI

Reli yetu haikuvuka Likoni, lakini wengi wetu tuna nyumba na mashamba upande wa kusini, toka Diani, Gazi na Msambweni mpaka mpakani. Kwa hiyo jambo hili ni letu. Tena sisi twalijua zaidi kuliko wengine, kwa kuwa kazi imetufundisha.

Mtu wa gangi akiona reli imevunjika hasemi, "Wenyewe watakuja." Huweka bendera nyekundu, huweka fataki juu ya reli ili dereva asikie mlio na kusimama, kisha hupeleka habari stesheni. Na stesheni huandikwa kitabuni: saa ngapi, mahali gani, nani kaleta habari. Siku ya uchunguzi wakubwa wakianza kutupiana lawama, kitabu kile ndicho kinachosema. Mara ngapi mfanyakazi mdogo ameponea kwa sababu ya mstari mmoja ulioandikwa usiku kwa penseli!

Nyumbani kwetu hatuna kitabu kama kile. Nguzo imeinama tangu mwaka juzi, kila mtu ameiona, hakuna aliyeandika. Waya umelegea mpaka mgema akiwa juu ya mnazi anaweza kuushika, kila mtu amesema barazani, hakuna aliyeandika. Siku mtu akifa, mwenye waya atasema hakuarifiwa. Nasi tutakasirika, lakini kwa maandishi itakuwa kweli: hakuarifiwa.

WAYA ULIOANGUKA HAUJAFA

Kabla ya kuingia katika sheria, yafaa tuelewe jambo lenyewe, maana yule mzee hakuwa mjinga. Alisema kama wasemavyo wengi.

Stima inayopita katika nyaya kubwa za vijijini kwetu ni ya volti 11,000 au 33,000. Transfoma ndiyo huipunguza mpaka volti 240 za nyumbani. Katika stesheni za stima kuna vyombo vya kuukata umeme wenyewe pale waya unapoanguka. Vyombo hivyo hufanya kazi kwa kuhisi umeme mwingi unaokimbilia ardhini. Waya ukianguka juu ya matope au chuma, umeme mwingi hukimbia, chombo huhisi, stima hukatika. Lakini waya ukianguka juu ya mchanga mkavu, umeme unaopita ni mdogo, na chombo kinaweza kisihisi kitu. Waya utalala pale kimya, bila cheche, na ndani yake mna mauti.

Sasa tazameni ardhi yetu ya Gazi: mchanga, mawe ya tumbawe, na minazi mirefu kila upande. Ongezeni upepo wa kusi na chumvi ya bahari inayokula chuma na kuchafua vikombe vya nguzo. Hapa petu waya unahitaji kuangaliwa zaidi kuliko mahali pengine. Haya si mambo ya siri. Kila mhandisi wa stima anayajua. Na mtu anayeijua hatari ya kitu chake hawezi kusema baadaye kwamba ajali ilimshangaza.

Basi, mkiona waya chini, kaeni mbali si chini ya mita 10, zuieni wengine, na msiuguse kwa mti wala kwa kamba. Ikiwa mtu amenaswa, msimshike kwa mkono mpaka stima izimwe, maana wengi waliokufa walikuwa waokoaji.

SHERIA YASEMAJE

Sisi tuliosoma shule za misheni tulisoma katika torati ya Musa habari za ng'ombe mwenye kupiga watu pembe. Kama ng'ombe hakuwa na tabia hiyo, mwenyewe aliachiliwa. Lakini kama alikuwa na tabia hiyo, na mwenyewe ameonywa, naye hakumfunga, basi damu ilikuwa juu ya mwenyewe. Palepale imeandikwa habari ya mtu aliyechimba shimo asilifunike, mnyama wa jirani akatumbukia: mwenye shimo hulipa. Jirani zetu Waislamu nao wamjua Musa, na habari ya diya ya mtu aliyeuawa bila kusudi si ngeni kwao. Kwa hiyo hakuna mtu wa Gazi, wa dini hii au ile, atakayesema kwamba kumdai mwenye waya ni jambo geni.

Sheria ya Kiingereza nayo ilifika mahali karibu na hapo. Mwenye kiwanda mmoja katika jimbo la Lancashire alichimbisha bwawa la maji. Chini ya bwawa palikuwa na mashimo ya zamani ya makaa. Maji yalipasua njia, yakajaza machimbo ya jirani. Kesi ile, iitwayo Rylands na Fletcher, ilikatwa na majaji wakuu wa Uingereza mwaka 1868. Walisema kwamba mtu akileta katika ardhi yake kitu chenye kuweza kudhuru kikitoroka, anakiweka kwa hatari yake mwenyewe. Kikitoroka kikaharibu, atalipa, hata kama hakuzembea. Sheria yetu ya Mahakama, Sura ya 8, huzipokea kanuni za sheria ya Uingereza zilizokuwako tarehe 12 Agosti 1897, kadiri hali ya nchi yetu inavyoruhusu. Kwa hiyo kanuni ile ya bwawa imo mikononi mwa mawakili wetu, nao wameitumia kwa stima.

Lakini msishangilie bado. Kanuni hiyo ina milango ya kutokea. Mwenye kitu anaweza kusema ni kazi ya Mungu, kama dhoruba isiyo ya kawaida. Anaweza kusema ni tendo la mtu mwingine, kama mwizi wa nyaya. Anaweza kusema marehemu alijitakia mwenyewe. Na kampuni ya stima inaweza kusema: "Sisi tuna leseni ya serikali, tumeamriwa na sheria kupitisha waya huu, basi onyesheni kwamba tulizembea." Hapo ndipo mzigo unapomrudia mjane. Yeye asiyejua volti wala transfoma anatakiwa kuthibitisha uzembe wa watu wenye wahandisi na mawakili.

Ni kweli kwamba majaji wana njia ya kumsaidia. Wanaweza kusema kwamba jambo lenyewe lajieleza: waya wa stima haulali njiani ila mtu hakuutunza, basi mwenye waya na aeleze. Lakini hata kwa njia hiyo, ni lazima kwanza ithibitike kwamba waya ulikuwa chini, na kwamba ndio uliomwua. Tumerudi palepale: nani aliandika?

NCHI NYINGINE

Kuna hukumu mbili za ng'ambo ambazo twapenda wanachama wazijue.

Ya kwanza ni ya Quebec, nchi ya Kanada. Kampuni moja ilikuwa na reli na stima pamoja. Upepo mkali ulivunja tawi la mti, tawi likaangukia nyaya, umeme mkubwa ukaingia katika nyaya ndogo na kuchoma mali za watu. Kampuni ilisema ni upepo. Mwaka 1920 shauri lilifika London, katika Baraza la Faragha la Mfalme, ambako kesi kubwa za Kenya nazo zilikuwa zikipelekwa wakati wa ukoloni. Baraza lilisema kwamba, kwa sheria ya Quebec, mwenye kitu kilichodhuru ndiye anayetakiwa kuonyesha kwamba hakuweza kuzuia, na kampuni ilishindwa. Sheria ile ilikuwa ya Quebec, si yetu. Lakini sikilizeni akili yake: tawi, upepo na waya si mambo mageni kwa mtu anayepitisha waya kati ya miti.

Ya pili ni ya India, na hii yatugusa zaidi. Mfanyakazi wa kiwanda, mtu wa miaka 37, alikuwa akirudi nyumbani usiku kwa baiskeli mwezi wa Agosti 1997. Mvua ilikuwa imenyesha, maji yamesimama njiani, na ndani yake umelala waya ulio hai. Hakuuona. Alifia papo hapo. Shirika la stima la jimbo la Madhya Pradesh lilijitetea kwamba kuna mtu aliyekuwa akiiba stima, na waya ule ulikuwa wake. Mahakama Kuu kuliko zote ya India ilitoa hukumu mwezi wa Januari 2002. Ilisema kwamba anayeendesha kazi ya hatari hulipa madhara yake hata kama hakuzembea, na kwamba kuzuia wezi kwa vyombo vinavyofaa ni shauri la mwenye stima. Mjane alilipwa.

Hukumu ya India haimfungi jaji wa Mombasa wala hakimu wa Kwale. Lakini anaweza kuisoma, na wakili anaweza kumwekea mezani. Mfanyakazi yule akitoka zamu na baiskeli yake angeweza kuwa yeyote kati yetu.

KWA NINI MJANE WA MGEMA ABEBE ZAIDI

Sasa tufike kwenye kiini cha shauri letu.

Mfanyakazi akiuawa na stima kazini, iwe ni fundi, iwe ni kibarua wa kontrakta anayechimba shimo la nguzo, sheria ya fidia ya mwaka 2007 yamlinda. Sheria hiyo ilichukua mahali pa ile ya zamani ya Sura ya 236. Chini yake wategemezi hulipwa kipato cha miezi 96, yaani miaka 8, na mwajiri ni lazima awe na bima. Mjane haulizwi kama mwajiri alizembea. Anaulizwa tu kama mumewe alikufa kwa ajali ya kazi. Mwezi wa Desemba 2019 Mahakama ya Juu ya Kenya iliithibitisha sheria hiyo baada ya mabishano ya miaka mingi.

Vyama vya wafanyakazi vilipigania fikira hiyo katika nchi nyingi, na fikira yenyewe ni nyepesi: anayepata faida ya kazi abebe pia hatari yake. Kwa nini fikira hiyo ikome kwenye lango la kazi? Waya ule ule ukimwua fundi, nyumba yake inalipwa bila kuthibitisha kosa. Ukimwua mgema juu ya mnazi, au mtoto aliyetumwa dukani, nyumba yake yaambiwa ithibitishe. Je, damu ya mgema ni nyepesi?

Sheria ya Nishati ya mwaka 2019 ina mengi mazuri. Imeunda mamlaka ya kusimamia nishati, EPRA, na mwenye leseni anatakiwa kuiarifu ajali inayoua mtu. Imeweka pia baraza maalum la kesi za nishati. Lakini tunasema imebakia hatua moja. Twaomba Bunge liandike waziwazi kwamba mtu akiuawa na stima iliyotoka katika nyaya za mwenye leseni, nyumba yake ilipwe kwanza kiasi kilichowekwa na sheria, bila kuulizwa nani alikosa. Anayetaka zaidi na aende kortini kuthibitisha uzembe. Na mwenye leseni akithibitisha kwamba marehemu alikuwa akiiba waya, hapo hatutamtetea mwizi.

Tutaambiwa kwamba hesabu za stima zitapanda. Huenda zitapanda senti kidogo kwa kila nyumba. Lakini gharama ya kifo ipo leo pia, haikuondoka. Tofauti ni kwamba leo inalipwa yote na nyumba moja: watoto kuacha shule, shamba kuuzwa. Sisi tunaolipa michango ya chama twajua maana ya kugawana mzigo. Mzigo wa mtu mmoja ni msiba. Mzigo wa watu wote ni mchango.

NA SISI TUJISEME

Hatutaki kuwa watu wa kulaumu wengine tu. Kuna nyumba zimejengwa chini ya nyaya makusudi. Kuna minazi imepandwa katika njia ya waya, na mwenyewe hukataa isikatwe. Kuna watu wanaovuta stima ya wizi kwa waya mwembamba juu ya paa la makuti, nao wanamwuza jirani hatari kwa bei rahisi. Kuna wanaonunua nyaya na mafuta ya transfoma bila kuuliza yametoka wapi.

Makosa haya yanaua, na kortini yanapunguza haki. Korti zetu hugawa lawama. Tuseme hakimu ameona hasara ni shilingi 1,000,000 na marehemu alikosa 30 kwa mia. Nyumba itapata 700,000. Tusiwape wenye waya kisingizio.

YA KUFANYA

Ndugu, sheria mpya itachukua muda. Stima ipo leo. Basi shikeni haya.

Kwanza, andikeni kabla ya msiba. Kila kijiji kiwe na daftari la nyaya. Andikeni nambari ya nguzo, siku, na kosa lililoonekana. Pigeni picha kwa simu. Pelekeni habari kwa mwenye waya kwa maandishi, mtunze nakala au nambari ya malalamiko. Asipofanya kitu, pelekeni EPRA. Watu wa Gazi wasiseme hawawezi. Tangu mwaka 2013 wao na wenzao wa Makongeni wanauza hewa safi ya mikoko yao ng'ambo kwa mradi wa Mikoko Pamoja, na kazi ile hutaka miti ipimwe na hesabu iandikwe. Mji unaohesabu mikoko hauwezi kushindwa kuhesabu nguzo.

Pili, msiba ukitokea, piga ripoti polisi siku ileile, upate nambari ya kitabu chao. Piga picha ya mahali kabla waya haujapandishwa. Andika majina ya walioona.

Tatu, daktari aione maiti. Hapa twasema kwa adabu, maana twajua kwamba ndugu zetu Waislamu hawapendi maiti icheleweshwe, na desturi hiyo ni ya heshima. Lakini hospitali ya Msambweni si mbali. Mwombeni daktari aangalie na kuandika sababu ya kifo, na mwombeni afanye upesi kwa ajili ya mazishi. Bila karatasi ya daktari, mwenye waya anaweza kusema ni moyo, au ni kifafa.

Nne, wekeni karatasi za nyumbani: cheti cha ndoa, vyeti vya kuzaliwa watoto, cheti cha kifo. Sheria ya Ajali Zinazoua, Sura ya 32, huwapa haki mke, mume, mzazi na mtoto. Ndugu wa tumbo moja hawamo. Mvuvi, mgema na mkulima hawana karatasi ya mshahara, na mara nyingi hakimu huwahesabia kwa kima cha chini cha kibarua. Kwa hiyo daftari la samaki waliouzwa au nazi zilizouzwa ni mali. Litunzeni.

Tano, msikawie. Kwa sheria hiyo kesi hufunguliwa kabla miaka 3 haijapita tangu kifo. Kwa ajali ya kazini muda ni mfupi zaidi: dai lipelekwe katika miezi 12. Kesi ya namna hii si ya Kadhi, kwani kwa Katiba yetu Kadhi huamua mambo ya hali ya mtu, ndoa, talaka na mirathi ya Waislamu. Na kwa kuwa kuna korti, kuna EPRA, na kuna baraza la nishati, muulizeni wakili mlango wa kuingia kabla ya kufungua, maana upande wa pili unaweza kupinga kwamba mmekosea mlango, na miaka inakwenda.

Sita, mtu wa reli akiuawa kazini na waya usio wa mwajiri wake, nyumba yake isidhani kwamba fidia ya kazini imemaliza yote. Sheria ya mwaka 2007 inazuia kumshitaki mwajiri kortini. Haikumkinga kwa kizuizi hicho mwenye waya ambaye si mwajiri. Njooni ofisi ya chama kabla ya kutia sahihi.

Saba, msitie sahihi matangani. Mtu akija na pesa za sanda na karatasi mkononi, pokeeni rambirambi kwa shukrani, karatasi mwambieni arudi nayo baada ya arubaini. Karatasi ile inaweza kusema "tumemaliza". Nyumba iliyo katika kilio haiwezi kusoma vizuri.

NENO LA MWISHO

Stima ya kampuni ilifika Mombasa mwaka 1908. Vijiji vingi vilingoja zaidi ya miaka mia moja kuiona, na mradi wa kufikisha stima nyumba za mwisho ulianzishwa mwaka 2015. Tumefurahi ilipofika. Watoto husoma usiku, samaki huwekwa kwenye barafu, simu hupata moto bila kupelekwa mjini. Hatusemi stima irudi ilikotoka. Reli nayo huua, na hatujasema ing'olewe. Tumesema iwe na bendera, na kitabu, na mtu wa kujibu.

Yule mzee wa Gazi yu hai. Tulipokwenda kumwamkia alicheka akasema, "Vijana wale walinizungusha bure." Hatukubishana naye. Lakini tumeomba kila tawi la chama lichague watu wawili wa kushika daftari la nyaya pale wanachama wanapoishi, na wale wawili wa Gazi wamekubali kuwa wa kwanza. Ukurasa wao wa kwanza umekwisha andikwa. Una nguzo tatu zilizoinama na mnazi mmoja unaoelekea waya. Barua imepelekwa, nakala imewekwa.

Waya una mwenyewe. Na tangu sasa, mwenyewe ameambiwa.

Umoja ni nguvu.